Wala Kuvuna

Nyaboke hakuwa mtu mbaya. Nalisema mapema, maana mkifika mwisho mtataka kubishana nami. Alifanya kazi katika nyumba ya kutunzia wazee, na vikongwe wa Kizungu walimlilia machozi kila alipokwenda likizo. Kanisani, mtu akiugua au akijifungua, sufuria ya kwanza kufika ilikuwa yake. Shida yake ilikuwa dirisha. Dirisha la jikoni mwake, pale Rexdale, huko ughaibuni, lilitazama moja kwa moja bustani ya jirani yake Chepkoech, na mtu anayeosha vyombo mara tatu kwa siku huku akitazama neema ya mwenzake, hata awe ameokoka namna gani, mwishowe ataona donge.

Tena aliyemleta Chepkoech pale ni Nyaboke mwenyewe. Ndiye aliyemnong'oneza baada ya ibada kwamba nyumba ya mzee wa Kiitaliano inauzwa, na kwamba ingekuwa raha kupata Mkenya mwenzao ng'ambo ya ua. Chepkoech, mama mtulivu wa Bomet aliyefanya kazi katika ofisi ya bima huko Don Mills, akanunua. Mzee yule alikuwa amelima nyanya nyuma ya nyumba kwa miaka thelathini na kuushibisha udongo kwa samadi. Chepkoech akazing'oa nyanya, akamwaga mbegu za managu alizopewa na mamake. Ilipofika Julai mboga ilikuwa kiunoni, na jani moja lilitosha kufunika kiganja cha mwanamume.

Habari zikasambaa. Kila Jumamosi akina mama wa kanisa wakawa wanakuja na mifuko, wengine kutoka Brampton, wengine Richmond Hill. Walipita mbele ya mlango wa Nyaboke, wakampungia mkono, "Praise God, Mama Kerubo!", wakaendelea na safari yao kwa jirani. Zamani walikuwa wakiishia kwake.

Hayo angeyavumilia. Lililomchoma ni bakuli. Siku moja Chepkoech aliwaletea bakuli la managu yaliyopikwa, na Nyakundi, mumewe Nyaboke, akakaa nalo mezani. Kwao Nyaboke, kule Nyamira, managu huliwa na uchungu wake, na uchungu huo ndio utamu wenyewe. Lakini Chepkoech aliyapika kwa maziwa na malai, kama wanavyopika kwao, mpaka uchungu ukaomba radhi na kuondoka. Nyakundi alilikomba bakuli kwa ugali likang'aa.

"Mama Kerubo," akasema akijilamba kidole, "huyu mama anaweka nini kwa hii mboga?"

"Maziwa."

"Si maziwa tu. Hata wewe ulijaribu maziwa ile siku, na haikukuwa hivi. Si umuulize anapikaje?"

"Nimuulize!" Nyaboke akasema. "Mimi nimepika tangu nikiwa na miaka saba, leo niende kuulizia mboga kwa jirani kama bibi harusi? Heri nilale njaa."

Na hakuuliza. Miaka mitatu hakuuliza. Chepkoech alimpa mbegu bila kuombwa, akazipanda kwenye ndoo chini ya mti mkubwa wa kivuli, zikaota manjano na kufa kabla ya Agosti. Kerubo, binti yao, akamwambia kwa Kiingereza, maana Kiswahili anakisikia lakini hakijibu, kwamba pale hapafiki jua. Nyaboke hakutaka habari za jua. Aliyekupa wewe kiti ndiye aliyenipa mimi kumbi, wahenga walisema, lakini wahenga hawakukaa Rexdale wakatazama kiti cha mwenzao kupitia dirishani.

Basi Novemba moja upepo ukaangusha ua wa mbao uliotenganisha nyumba hizo mbili. Nyakundi akamwita mpimaji ardhi ili ua mpya ujengwe mahali pake. Mpimaji akapima, akakuna kichwa, akapima tena. Ua wa zamani ulikuwa umekosewa. Kipande cha upana wa hatua nne, chenye udongo wote ule mweusi na mabua yote ya managu yaliyokauka, kwenye hati kilikuwa cha Nyaboke na mumewe.

"Ni hatua nne tu," Nyakundi akasema. "Tumwachie. Tangu anunue, yeye ndiye analima hapo."

"Hatua nne ni zangu," Nyaboke akasema, na kwa miaka mitatu hakuna aliyekuwa amemwona akicheka kama alivyocheka usiku ule.

Chepkoech hakukubali. Alisema kwa upole, lakini alisema, kwamba yeye na mzee aliyemtangulia wamekishika kipande hicho miaka na miaka, na kwamba hatatoka bila jaji kumwambia. Nyaboke akatafuta wakili. Akampata Alykhan, kijana Mwismaili ambaye nyanya yake alizaliwa Kisumu, na ambaye Kiswahili chake chote kilikuwa "polepole" na "chakula tayari". Kesi ikafunguliwa. Mwezi Machi, theluji ikiwa bado imelala juu ya kipande chenyewe, mawakili wakaketi kuandika amri ya muda: mpaka kesi iamuliwe, asiwepo kati ya wanawake hao wawili wa kuingia katika kipande hicho, wala kuchimba, wala kupanda.

"Ongeza, wala kuvuna," Nyaboke akamwambia Alykhan.

"Auntie, hakuna kitu hapo. Ni barafu."

"Wewe ongeza. Sitaki achume hata jani."

"Itakufunga na wewe pia. Polepole, Auntie."

"Mimi nitavuna nini hapo?"

Alykhan akaongeza, jaji akatia sahihi.

Mei ikaja, theluji ikaondoka. Asubuhi moja Nyaboke alikuwa akiosha kikombe, akainua macho, na kikombe kikamponyoka. Kipande kile kilikuwa kijani. Hakikulimwa, hakikutiwa maji, hakuna aliyekikanyaga, lakini managu yalikuwa yamesimama mamia kwa mamia yakimwangalia.

Hapa lazima niwaambie jambo ambalo Nyaboke alilijua vizuri kama alivyolijua jina lake. Managu hayahitaji mpanzi. Tunda lake jeusi likidondoka, mbegu hulala ardhini, na mwaka ukigeuka huota zenyewe, upende usipende. Mtoto wa Nyamira wa miaka mitano anajua hivyo. Chepkoech alikuwa ameacha matunda yakadondoka msimu uliopita, kabla ya ua kuanguka. Basi.

Lakini Nyaboke aliposimama pale na mikono yenye povu, hakusikia sauti ya ujuzi wake. Alisikia wivu, na wivu ulimwambia: tazama, hata akikaa kitako mboga inamwotea, na wewe ndoo zako zilikufa ukizibembeleza. Akachukua simu, akapiga picha tatu, akazituma kwa Alykhan. *Amepanda. Ameivunja amri.*

Alykhan akampigia. Akamweleza kwamba kuvunja amri ya jaji huitwa kudharau mahakama, na si mchezo. Mtu akipatikana na hatia anaweza kutozwa faini, hata kufungwa, na kesi yenyewe ya kipande jaji ataitazama kwa jicho jingine. "Una uhakika alipanda? Utaapa?"

Neno faini lilimfurahisha Nyaboke. Neno kufungwa lilimkwaza kidogo, kama jiwe kwenye kiatu. "Vitu havijipandi," akasema. Akaapa, akatia sahihi hati ya kiapo.

Kama angeishia hapo ningemtetea.

Juni yote alitazama managu yakinenepa. Chepkoech hakuyagusa. Mara moja moja alitoka na kikombe cha chai, akasimama mbali na mstari wa mpimaji, akayaangalia, akarudi ndani, na hata kule kusimama kwake kulimuudhi Nyaboke. Kisha ikatangazwa kanisani kwamba Jumapili ya kwanza ya Julai kila mama alete chakula cha kwao. Akina mama wakaanza kusikitika kwamba mwaka huu hakuna managu. "Aki Chepkoech, mwaka huu umetunyima," walisema, na hakuna aliyegeuka kumuuliza Nyaboke ataleta nini.

Ijumaa ya kabla yake, Chepkoech akiwa kazini, Nyaboke alivuka pale ulipokuwa ua wa zamani, na beseni mkononi. Aliingia kama mtu anayeingia shambani kwa mamake. Vidole vilikumbuka vyenyewe: unashika ncha, unakata kwa ukucha, unaacha majani mawili ili bua lichipuke tena. Alijaza beseni. Alipokwisha akaona jinsi mabua yalivyobaki yamekatwa wazi, na badala ya kuogopa, akapata akili, na sijui ni nani huwapa watu akili za namna hiyo. Akatoa simu, akapiga picha ya nne. *Sasa ameanza kuvuna pia.*

Akapika kwa maziwa na malai. Jumapili aliifunua sufuria mwenyewe, na akina mama wakaonja, halafu wakaanza. "Mama Kerubo, kumbe ulikuwa unatuficha!" "Hii ni moto!" Nyakundi alikula sahani mbili bila kuinua kichwa wala kusema neno, na mkewe akaliona jambo hilo kama sifa. Kwa mara ya kwanza katika miaka mitatu, mstari wa watu ulikuwa mbele yake. Hakutosheka. Alipakua sahani, akatia managu ya kutosha, akaipeleka kwa mikono yake mpaka pale Chepkoech alipoketi, kwenye kona ya ukumbi.

"Karibu, dada. Onja za kwetu."

Alitaka kumwona akimeza. Chepkoech akatia kijiko kinywani. Akaitazama sahani. Halafu akala mpaka mwisho, akasema, "Asante, Mama Kerubo. Mungu akubariki mikono," na Nyaboke akarudi kwenye sufuria yake akiwa amevimba kwa furaha.

Wiki mbili baadaye mabua yalikuwa yamechipuka upya, mazito kuliko mwanzo. Akayapiga picha ya tano na ya sita, ili jaji aone shamba linavyostawi.

Shauri la dharau likasikizwa Septemba, katika mahakama ya barabara ya University. Nyakundi aliketi nyuma, kofia magotini. Chepkoech aliketi kando ya wakili wake, mwanamke mfupi aitwaye Clementina, mzaliwa wa Bukoba, ambako managu huitwa mnavu. Chepkoech alikuwa amevaa suti ya kazini. Yeye ndiye aliyekuwa ameshtakiwa kwa kumdharau jaji, mtu ambaye hata mbele ya taa nyekundu barabarani husimama mapema. Alikuwa ameapa kwamba hakupanda wala hakuvuna, kwamba mboga ilijiotea. Jaji, mzee mwenye miwani myembamba, aliisoma hati yake na kuinua nyusi. Mboga inayojipanda na kujivuna hakuwahi kuisikia.

Nyaboke akaitwa kizimbani, akaapa kwa Biblia. Alijibu vizuri, kwa Kiingereza. Ndiyo, aliyaona managu. Ndiyo, ni picha zake. Hapana, yeye hakuwahi kuingia. Alipotazama nyuma, Nyakundi alikuwa akiiangalia kofia yake.

Clementina akainuka na picha ya nne. Hakuwa na haraka.

"Mama Nyaboke, picha hii inaonyesha mboga imechumwa. Wewe unasema aliyechuma ni mteja wangu."

"Nani mwingine?"

"Mteja wangu anasema si yeye. Anasema kwao huchuma kwa kung'oa matawi ya pembeni, na ncha ya katikati haiguswi. Lakini hapa ncha zote zimekatwa." Akaisogeza picha karibu na macho. "Sasa mimi naweza kusema, au sivyo, kwamba aliyechuma hivi ni mtu asiyejua mboga hii? Labda mpita njia. Mtu aliyeharibu tu. Mtu ambaye hakuwa na mama wa kumfundisha."

Mamake Nyaboke alikuwa amezikwa Nyamira miaka sita kabla, na yeye hakuwahi kufika mazishini, kwa sababu ya karatasi za uhamiaji. Damu ilimpanda toka miguuni. Akamwona Chepkoech ameketi pale na suti yake, Chepkoech wa majani mapana, Chepkoech wa mifuko ya Jumamosi, na sasa eti ndiye mwenye mama aliyejua.

"Nani hajui?" akasema, na sauti yake ikajaa chumba kizima. "Mamangu ndiye alinifundisha! Unakata ncha kwa ukucha, unaacha majani mawili! Hao wanang'oa matawi ndio wanaharibu! Angalia picha ya sita, si yamerudi mara mbili? Kanisa lote lilikula likalamba vidole, muulize hata yeye mwenyewe, alimaliza sahani!"

Alikuwa ameyasema kwa Kiswahili. Kwa muda kidogo akadhani ameponea hapo. Lakini mkalimani wa mahakama, aliyeketi pembeni tangu asubuhi bila kazi, akasimama, akakohoa, akaanza kuyageuza kwa Kiingereza, sentensi moja baada ya nyingine, bila kuacha hata ukucha.

Alykhan alifumba macho. Karani akaacha kuandika. Clementina, ambaye naapa hakutarajia zawadi kubwa hivyo, akaketi taratibu asije akaimwaga.

Jaji akavua miwani. "Ni wewe uliyechuma?"

Njia ya mwongo ni fupi, na Nyaboke alikuwa amefika mwisho wake akiwa na mkono juu ya Biblia. "Ndiyo, Mheshimiwa."

"Na nani aliyepanda?"

Angeweza kusema Chepkoech. Neno lilikuwa pale mdomoni, limezoea kukaa hapo tangu Mei. Lakini alikuwa amekwisha kumtaja mamake mbele ya watu, na mbele ya mamake hakuwahi kusema uongo wa shamba.

"Hakuna aliyepanda," akasema. "Managu hujiotea. Kila mtu anajua."

Mengine yalikwenda haraka. Ombi dhidi ya Chepkoech likatupwa. Jaji akaisoma amri yake ya Machi kwa sauti, pole pole, na alipofika kwenye yale maneno mawili ya mwisho akamtazama Nyaboke juu ya karatasi. Akamwambia kwamba amri hiyo ilimfunga yeye sawasawa na mwenzake, kwamba sasa ni yeye atakayeeleza kwa nini asihesabiwe kuwa ameidharau mahakama, tena kwa kiapo cha uongo juu yake. Akampa wiki tatu atafute wakili mwingine, maana Alykhan asingeweza tena kumsemea. Kesi ya kipande ikaahirishwa. Mpaka hapo, akasema, amri inabaki ilivyo, neno kwa neno.

Nyaboke akatoka, akaketi kwenye benchi la ukumbini. Nyakundi alikuwa akienda kuleta gari. Alipopita karibu naye alisimama kidogo tu.

"Nilijua ile Jumapili," akasema. "Nilingoja uniambie." Akaenda.

Basi akabaki peke yake, na akamwona Chepkoech akija. Akajikaza kwa ajili ya matusi. Aliyahitaji kweli, yangemsaidia kupumua. Chepkoech akaketi kwenye ncha ya pili ya benchi, mkoba mapajani.

"Maziwa uliyatia mapema," akasema.

Nyaboke akageuka. "Nini?"

"Ile siku kanisani. Uliyatia mapema, yakakatika kidogo. Lakini yalikuwa matamu."

"Ulijua?"

"Tangu kijiko cha kwanza. Hiyo ni mbegu ya mamangu, nitaikosaje?"

"Na ulikuwa umeshaletewa karatasi za korti. Si ungemwambia wakili wako? Ingeisha siku hiyo hiyo."

Chepkoech akafikiri, kama mtu aliyeulizwa jambo ambalo hakuwahi kuona kama ni swali. "Nilimwambia si mimi. Sikumwambia ni nani. Wewe uliniletea sahani kwa mikono yako, Mama Kerubo. Kwetu ukishakula chakula cha mtu mkononi mwake, humpeleki nacho kwa mzungu."

Nyaboke akainamisha kichwa. Nataka muelewe alichokisikia wakati ule, maana si toba, au bado haikuwa toba. Ulikuwa wivu, ule ule, lakini haukuwahi kuwa mkubwa hivyo. Bustani angeweza kuidai mahakamani. Majani mapana angeweza kuyachuma. Hiki alichokuwa nacho mwenzake, cha kujua na kumeza na kusema asante, hakikuwa na mpaka ambao mpimaji angeweza kuupima, na yeye alikitaka kuliko alivyowahi kutaka hatua nne za udongo. Akalia, kwa sauti, pale benchini, mawakili wakipita na mikoba yao ya magurudumu.

Chepkoech akamwacha alie. Hakumshika mkono, wala hakuondoka.

Baadaye Nyaboke akajifuta kwa mtandio. Swali lilikuwa limemkaa kooni miaka mitatu, na lilipotoka lilitoka dogo, la mtoto aliyetumwa kwa jirani.

"Sasa hayo maziwa unayatia lini?"

Chepkoech akamgeukia. Kuna kitu usoni mwake kilikaribia kuwa tabasamu, halafu kikarudi.

"Hiyo si ya kuambiwa, ni ya kuonyeshwa," akasema. "Ningekuonyesha leo leo jioni, jikoni kwangu. Lakini managu yote yako kwenye kile kipande, na tumeambiwa tusivune."